Mapafu Yetu kwa Rula ya Nani?

Ukienda kupimwa nguvu ya mapafu hospitalini utapewa mrija mfupi wa kuweka mdomoni, utabanwa pua kwa kibanio, kisha mhudumu atakuambia: vuta pumzi yote, yote, haya sasa puliza kwa nguvu, endelea, endelea, usiache! Mashine hiyo inaitwa spirometa. Inapima mambo mawili makubwa. La kwanza ni hewa yote uliyoweza kuitoa. La pili ni kiasi kilichotoka ndani ya sekunde moja ya mwanzo. Mtu mwenye pumu iliyombana, hewa yake hutoka kwa kujivuta, kwa hiyo ile ya sekunde ya kwanza inakuwa ndogo ukiilinganisha na jumla. Mtu ambaye mapafu yake yamekakamaa kwa vumbi la mgodini, jumla yenyewe ndiyo inayopungua.

Sasa, kabla hujapuliza, mhudumu anaingiza taarifa zako kwenye mashine. Umri. Jinsia. Urefu. Na kwa miaka mingi, kwenye mashine nyingi duniani, kulikuwa na swali la nne: huyu ni wa asili gani? Mzungu, Mweusi, Mwasia, au Mwingine? Akibonyeza "Mweusi", mashine inashusha kiwango inachokitarajia kutoka kwako. Hakuna aliyekutukana, hakuna aliyekunyima kiti. Ni kitufe tu.

Makala hii inahusu namna kitufe hicho kilivyoingia kwenye mashine na namna kilivyopingwa rasmi mwaka 2023 na chama kimoja cha wataalamu, American Thoracic Society, tukiite Jumuiya ya Marekani ya Magonjwa ya Kifua, au ATS kwa kifupi. Mimi nasoma ualimu, sisomi udaktari, na najua kuna watu wa kozi za afya watakaosoma hapa na kuguna. Waache wagune. Hili ni somo la upimaji na tathmini, lile lile tunalokaririshwa darasani mpaka tunalichukia, isipokuwa hapa mtahiniwa akipimwa vibaya haambiwi arudi kufanya sapu. Anakosa matibabu, au anakosa fidia yake.

Chama kisicho na polisi

ATS ilianza mwaka 1905 ikiwa na jina jingine kabisa, American Sanatorium Association, yaani chama cha watu wa sanatoria. Sanatoria zilikuwa hospitali za kifua kikuu zilizojengwa mbali na miji, milimani au msituni, ambako mgonjwa alilazwa miezi au miaka akila vizuri, akipumzika na kuvuta hewa safi, kwa sababu dawa haikuwepo. (Sisi pia tulikuwa nayo yetu: Kibong'oto, kule Siha, ilianzishwa mwaka 1926 kwa kazi hiyo hiyo, na mpaka leo ndiyo hospitali ambayo jina lake likitajwa watu wanafikiria TB.) Mwaka 1939 kile chama cha Marekani kikabadili jina kuwa American Trudeau Society, kwa heshima ya daktari nitakayemweleza punde. Kisha dawa zikaja: streptomaisini miaka ya 1940, isoniazidi mwaka 1952. Sanatoria zikafungwa moja baada ya nyingine. Ile maarufu ya Trudeau mwenyewe ilifungwa mwaka 1954.

Chama kingine kingekufa hapo. Ugonjwa uliokikusanya ulikuwa umepata dawa. Hiki kikapanua kazi yake, kikachukua mapafu yote: pumu, madhara ya sigara, vumbi la viwandani, wagonjwa mahututi wanaopumulia mashine. Mwaka 1960 kikachukua jina la ATS, na mwaka 2000 kikajitenga na kusimama peke yake baada ya miongo mingi ya kuwa tawi la kitabibu la shirika kubwa zaidi la kupambana na magonjwa ya mapafu.

Kinachonivutia ni aina ya nguvu ambayo chama kama hiki kinayo. Hakitoi leseni ya udaktari. Hakiajiri mtu kwa ajili ya wodi. Hakina polisi. Nguvu yake ni maandishi. Kina jarida lililoanza mwaka 1917, ambalo toleo lake la leo madaktari wanaliita "jarida la bluu" kwa rangi ya jalada. Kina mkutano mkubwa kila mwaka mwezi Mei. Na kina kitu kinachoitwa tamko rasmi. Mwaka 1979 ATS ilitoa viwango vya kwanza vya upimaji wa spirometa, yaani mashine iweje, mtu apulize mara ngapi, pulizo lipi likubaliwe na lipi litupwe. Ikavirekebisha mwaka 1987, 1994, kisha mwaka 2005 na 2019 ikishirikiana na wenzao wa Ulaya, ERS. Hakuna sheria ya dunia inayomlazimisha mtengenezaji wa mashine kufuata. Lakini nani atanunua spirometa ambayo haifuati ATS? Kwa hiyo maneno yaliyoandikwa na kamati ya watu wachache Marekani yanaishia kuwa kitufe kwenye mashine ya Mwanza.

Walimu tuna vyama vinavyopigania mishahara na madaraja, na vinafanya kazi yake. Lakini mara ngapi umesikia chama cha walimu kikitoa tamko la jinsi ya kupima kama mtoto wa darasa la tatu anajua kusoma, kisha serikali na wachapishaji wote wakalifuata? Naacha hilo hapo, tusitoke nje ya mada.

Sungura kumi na tano

Edward Livingston Trudeau alizaliwa New York mwaka 1848. Alimuuguza kaka yake aliyekufa kwa kifua kikuu, baadaye naye akaugua. Mwaka 1873 akaenda milima ya Adirondack akidhani anaenda kufia huko. Hakufa. Akaishi mpaka 1915, na katikati hapo akajenga sanatoria yake Saranac Lake.

Jaribio lake lililochapishwa mwaka 1887 ni zuri kwa kufundishia, hata kidato cha pili wangelielewa. Alichukua sungura kumi na tano akawagawa matano matano. Watano wa kwanza aliwadunga vijidudu vya kifua kikuu kisha akawaweka mahali penye giza, unyevu na msongamano, chakula kidogo. Wanne walikufa ndani ya miezi mitatu. Watano wa pili hakuwadunga, ila aliwatupa kwenye shimo lenye unyevu na chakula cha kubahatisha. Walikonda vibaya, lakini hawakupata kifua kikuu. Watano wa mwisho aliwadunga vijidudu vile vile, kisha akawaachia kisiwani wakimbie juani na kula watakavyo. Mmoja alikufa, wanne wakapona.

Soma tena yale makundi. La pili linasema: mazingira mabaya peke yake hayaleti kifua kikuu, lazima kijidudu kiwepo. La kwanza na la tatu yanasema: kijidudu kikishakuwepo, mazingira ndiyo yanayoamua nani anakufa. Ukikuta sungura wa shimoni ana kifua dhaifu, huwezi kusema ni kwa sababu amezaliwa sungura wa shimoni.

Hayo yalijulikana mwaka 1887, na mtu huyo huyo ndiye chama kilichukua jina lake. Sasa tuone kilichokuwa kinaendelea upande wa pili.

Rula ilikotoka

Spirometa yenyewe ilitangazwa mwaka 1846 na daktari Mwingereza, John Hutchinson. Alipima watu 2,130: mabaharia, askari, zimamoto, polisi, wachapaji, mabondia, maskini wa nyumba za hisani, na waungwana. Akagundua jambo ambalo limesimama mpaka leo, kwamba ujazo wa mapafu unapanda na urefu wa mtu kwa mstari ulionyooka. Kila inchi moja ya urefu inaongeza kama inchi za ujazo 8 za hewa. Aliona kampuni za bima ya maisha zingeweza kuitumia mashine yake kumjua mteja atakayekufa mapema. Kwa hiyo tangu siku ya kwanza kifaa hiki kilikuwa karibu na pesa. Hutchinson mwenyewe alihamia Australia, akafia Fiji mwaka 1861, nadhani bila kujua kifaa chake kimefika wapi.

Kilikuwa kimefika kwenye mashamba ya watumwa. Thomas Jefferson alishaandika katika kitabu chake kuhusu Virginia, miaka ya 1780, kwamba huenda mapafu ya Weusi yana muundo tofauti. Hakupima chochote. Mwaka 1851 daktari wa Louisiana, Samuel Cartwright, alidai amepima na kukuta mapafu ya Weusi yana upungufu wa asilimia 20 wakilinganishwa na Wazungu. Hitimisho lake? Kwamba kazi ya shambani inawafaa, inawachangamsha damu. Huyu ndiye daktari aliyebuni pia "ugonjwa" wa watumwa kutoroka, akaupa jina la Kigiriki. Kukimbia utumwa, kwake, kulihitaji tiba.

Baada ya vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani, mwaka 1869, Benjamin Gould alichapisha vipimo vya maelfu ya wanajeshi, na humo mapafu ya wanajeshi Weusi yalionekana madogo kuliko ya Wazungu. Wengi wa wale Weusi walikuwa wametoka utumwani jana na juzi. Sungura wa shimoni. Lakini namba ikachapishwa kama namba, ikanukuliwa, ikanukuliwa tena, na baada ya miaka mia hakuna aliyekuwa anauliza ilitoka wapi. Mwanahistoria Lundy Braun wa Chuo Kikuu cha Brown alifuatilia mnyororo huu wote kwenye kitabu alichotoa mwaka 2014, na sehemu kubwa ya mjadala wa sasa imesimama juu ya kazi yake.

Katika karne ya 20 madai ya utumwa yaliondoka, namba ikabaki. Ikaitwa "marekebisho": Weusi punguza asilimia 10 hadi 15, Waasia asilimia 4 hadi 6. Mwaka 1978 kanuni ya serikali ya Marekani ya kuwalinda wafanyakazi dhidi ya vumbi la pamba iliagiza kwamba kiwango kinachotarajiwa kwa mfanyakazi Mweusi kizidishwe kwa 0.85. Pamba, jamani. Zao lile lile.

Tufanye hesabu

Kwenye somo la upimaji tunafundishwa aina mbili za kuhukumu alama. Unaweza kumlinganisha mwanafunzi na kigezo: anaweza kugawanya sehemu au hawezi? Au unaweza kumlinganisha na kundi: yuko juu au chini ya wenzake? Spirometa ni ya aina ya pili. Mashine haijui mapafu mazima yanafananaje. Inajua tu watu waliosemekana kuwa wazima, wa umri wako, jinsia yako na urefu wako, walipuliza kiasi gani kwa wastani. Wewe unapewa asilimia ya hao. Kwa hiyo kila kitu kinategemea kundi la kulinganishia.

Tuseme kuna wafanyakazi wawili wa kiwanda cha nguo, umri sawa, urefu sawa, wote wanaume. Rula ya Wazungu inasema mtu wa namna hiyo atoe lita 3.50 katika sekunde ya kwanza. Wote wawili wamepuliza lita 2.50. Kwa Mzungu: 2.50 gawanya kwa 3.50, anapata asilimia 71. Kwa desturi ya zamani ya kukata kwenye asilimia 80, huyu ana tatizo. Apumzishwe kwenye vumbi, apimwe zaidi, aandikiwe fidia. Kwa Mweusi: kiwango kinachotarajiwa ni 3.50 mara 0.85, yaani 2.975. Sasa 2.50 gawanya kwa 2.975 ni asilimia 84. Huyu ni mzima. Arudi kazini.

Pumzi ile ile, vumbi lile lile.

Na haikuwa nadharia tu. Mwaka 1999, Baltimore, kampuni moja iliyokuwa ikitengeneza bidhaa za asbesto ilikwenda mahakamani kutaka wafanyakazi Weusi waliodai fidia wapimwe kwa rula yao, maana yake wawe wagonjwa zaidi kuliko Wazungu ndipo wastahili kusikilizwa. Hoja yao ilitoka kwenye vitabu vya tiba vinavyoheshimika, hawakuitunga.

Nilipomweleza jirani yangu wa bwenini haya, anayesoma takwimu, akanijibu: "Sasa ndugu yangu, kama wastani wa makundi ni tofauti kweli, si hiyo ni sayansi tu? Ubaguzi uko wapi?" Ni swali la haki, na ndilo ambalo madaktari wengi wema walilitumia kujitetea kwa miaka. Ni kweli kwamba vipimo vingi vimekuta tofauti ya wastani. Sehemu yake inaelezwa na umbo: watu wenye urefu sawa wanaweza kutofautiana urefu wa kiwiliwili na miguu, na mapafu yanakaa kwenye kiwiliwili. Sehemu nyingine inaelezwa na uzito wa kuzaliwa, lishe ya utotoni, moshi, makazi, kazi. Shida ni kwamba kitufe cha "Mweusi" kinafunga yote hayo kwenye kifurushi kimoja na kukiandika "asili".

Nitoe mfano wa kwetu, ambao naubuni. Chukua mtihani wa kidato cha nne. Shule nyingi za kata zisizo na maabara wala walimu wa fizikia zinapata wastani wa chini katika somo hilo. Tofauti ni ya kweli, ipo kwenye takwimu. Sasa aje mtu aseme: hawa wana kiwango chao, kwa hiyo alama 25 za mwanafunzi wa shule ya kata zihesabiwe kuwa B. Mtoto anarudi nyumbani na B. Mzazi anafurahi. Afisa elimu anaangalia ripoti, shule zote zinafanya vizuri, hakuna haja ya kupeleka maabara popote. Hiyo B imemficha mtoto. Ndivyo ile asilimia 84 ilivyomficha mfanyakazi wa pamba.

Watu 74,187

Mwaka 2012 ilitoka rula mpya, kubwa kuliko zote za nyuma, iliyosimamiwa na watu wa Ulaya na kuungwa mkono na ATS. Ilikusanya vipimo vya watu 74,187 wazima wasiovuta sigara, kuanzia miaka 3 hadi 95. Kitaalamu ilikuwa hatua kubwa, kwa sababu mtoto na mzee sasa walikuwa kwenye mstari mmoja bila kurukaruka. Lakini bado iligawa watu kwa asili. Na ukiangalia mgawanyo: Wazungu 57,395, Waasia wa kusini mashariki 8,255, wa kaskazini mashariki 4,992, na Weusi 3,545.

Hao Weusi 3,545 ni Wamarekani Weusi. Data za Afrika kusini mwa Sahara hazikutosha kutengeneza kundi. Maana yake, mhudumu wa afya wa Dodoma akibonyeza "Mweusi" kwa ajili ya kijana wa Kongwa, kijana huyo halinganishwi na watu wa Kongwa, wala wa Tanzania, wala wa bara hili. Analinganishwa na watu wa Marekani ambao babu zao walivushwa bahari. Kilichowaunganisha ni rangi tu, na rangi haipumui.

Mwaka 2020, baada ya mauaji ya George Floyd, tiba ya Marekani ilianza kujikagua kwa haraka. Kipimo cha figo kilikuwa na kizidishio chake cha Weusi. Mwaka 2021 vyama vya wataalamu wa figo vikaelekeza kiondolewe. Kwa mapafu ATS iliunda kamati, na Aprili 2023 ikatoa tamko rasmi: mlinganyo wa kufuata asili uachwe, utumike mmoja kwa watu wote. Mlinganyo huo ulitengenezwa kutokana na data zile zile za 2012, ila makundi yakapewa uzito ili wingi wa Wazungu usiyameze mengine. ERS ikaunga mkono. Kumbuka kwamba maelekezo ya ATS yenyewe ya mwaka 1991 na ya 2005 yalikuwa yameshauri kinyume. Chama kimeandika kwa mkono wake kwamba kile tulichowafundisha msikifanye tena, na kikaeleza kwa nini. Hilo naliheshimu.

Lakini tusishangilie bila kuangalia. Tamko lenyewe linakiri kwamba rula mpya inakata pande mbili. Ukipandisha kiwango kinachotarajiwa kwa Weusi, wengi zaidi wataonekana wana upungufu. Hii ni nzuri kwa anayetafuta fidia au dawa mapema. Ni mbaya kwa Mweusi mwenye saratani ya mapafu ambaye daktari wa upasuaji akiona asilimia imeshuka anaweza kusema hatoboi, mapafu yaliyobaki hayatamtosha. Ni mbaya pia kwa kijana anayeomba kazi ya zimamoto. Mapafu hayajabadilika hata kidogo, ni karatasi iliyobadilika, na mlango mmoja umefunguka mwingine umejifunga. Ndiyo maana tamko linaonya watu wasifanye maamuzi mazito kwa asilimia peke yake, waangalie dalili, picha, na jinsi pumzi ya mtu huyo huyo inavyobadilika mwaka hadi mwaka.

Kuhusu pesa, utafiti uliochapishwa mwaka 2024 katika New England Journal of Medicine ulikadiria kwamba kwa rula mpya malipo ya ulemavu kwa wanajeshi wastaafu Weusi wa Marekani yangeweza kupanda kwa zaidi ya dola bilioni 1 kwa mwaka, na ya Wazungu kushuka kwa dola nusu bilioni. Mtu asikwambie kipimo ni kipimo tu.

Na sisi je?

ATS ina kozi ya kufundisha utafiti inayoitwa MECOR, iliyoanza mwaka 1994 Amerika ya Kusini, na Afrika inaendeshwa pamoja na jumuiya ya bara letu, Pan African Thoracic Society. Wataalamu wa mapafu wa Afrika wamekuwa wakipitia humo tangu 2007. Kwa hiyo si kwamba hatuna watu. Watafiti wa Muhimbili wakishirikiana na Chuo Kikuu cha Bergen cha Norway wamepima mapafu ya wafanyakazi wa saruji na wa mkonge hapa Tanzania, na njia waliyotumia ni ya akili: waliwalinganisha na wafanyakazi wengine wa hapa hapa ambao hawakai kwenye vumbi hilo. Kwa swali la "je, vumbi hili linaumiza?", hiyo inatosha kabisa.

Kwa swali la mgonjwa mmoja aliyekaa mbele ya daktari haitoshi. Hapo lazima kuwe na rula, na wengi wetu jibu linalotujia haraka ni: basi tutengeneze ya kwetu, tupime Watanzania wazima. Mimi pia nilikuwa upande huo mpaka nikajaribu kuandika masharti ya sampuli kama tunavyofanya kwenye pendekezo la utafiti. Mshiriki awe mzima. Asiwe mvutaji wa sigara. Vizuri. Sasa, mama wa miaka 45 ambaye hajawahi kugusa sigara lakini amepika kwa kuni kwenye jiko lisilo na dirisha tangu ana miaka minane, huyu ni "asiyevuta"? Dada yake aliyepika kwa mkaa Tandale? Mtoto aliyekuwa amebebwa mgongoni wakati ugali unasongwa?

Ukiwaingiza, moshi wa jikoni unakuwa sehemu ya "kawaida" ya Mtanzania, na kila atakayeumizwa na moshi huo baadaye mashine itamwambia yuko sawa na wenzake. Tutakuwa tumetengeneza kitufe chetu wenyewe. Ukiwatoa, unabaki na nani? Watu wachache wa mjini waliokulia kwenye gesi na umeme, warefu kwa sababu walikula vizuri, na rula hiyo itamwambia karibu kila mwanamke wa kijijini kwamba ana upungufu. Kwa mtazamo wangu huo ndio ukweli zaidi, kwa sababu huenda anao. Jirani yangu wa takwimu anasema hapana, hospitali za wilaya zitazidiwa na watu ambao hazina cha kuwapa, afadhali upime wote, uandike kila mmoja amepikia nini na kwa miaka mingapi, kisha uache mlinganyo uchukue moshi kama unavyochukua urefu na umri. Yaani swali la nne libaki kwenye mashine, ila lisiulize asili. Liulize jikoni kwenu mnapikia nini.

Hatujakubaliana bado.